Filamu za giza kutoka Mongolia: ipi ulipie kwanza

Bando ni pesa, kwa hiyo tuzipange foleni. Kama Mongolia unaijua kwa ngamia na nyika tu, andaa koti: hizi karibu zote ni filamu za Ulaanbaatar, mji mkuu uliojaa moshi wa makaa ya mawe, ambako baridi hufika nyuzi 30 chini ya sifuri.

Namba moja, bila ubishi, ni Silent City Driver (2024) ya Janchivdorj Sengedorj, iliyotwaa tuzo kuu ya tamasha la Tallinn, Estonia. Mfungwa wa zamani anaendesha gari la maiti, nyumbani wenzake ni mbwa wa mitaani, kisha moyo unamdondokea binti wa fundi majeneza. Inakwenda polepole mno, nami sikuchoka. Hii nunua kabisa, utairudia.

Ya pili ni If Only I Could Hibernate (2023) ya Zoljargal Purevdash, filamu ya kwanza ya Mongolia kuingia orodha rasmi ya tamasha la Cannes, Ufaransa, tena kitengo kile kile kilichoipokea filamu ya Rafiki kutoka Kenya mwaka 2018. Kijana hodari wa fizikia anaachiwa wadogo zake kwenye hema la familia. Makaa yanaisha, naye anaenda kukata miti kwa magendo. Mzimu hamna, ila lile jiko lililozimika linatisha kuliko mzimu.

City of Wind (2023) ya Lkhagvadulam Purev-Ochir inafuata: mganga wa mizimu ambaye bado ni mwanafunzi wa sekondari anakwenda kumwombea binti anayesubiri upasuaji wa moyo, binti anamwita tapeli. Kukodi kunatosha.

The Sales Girl (2021), ya Janchivdorj pia, nimeiweka ya nne kwa sababu inachekesha kuliko inavyoumiza. Msichana anashika zamu ya mwenzake aliyeteleza kwenye ganda la ndizi akavunjika mguu. Kumbe duka lenyewe ni la vifaa vya chumbani. Usiifungue sebuleni wakwe wakiwepo.

Mkiani ni Aberrance (2022) ya Baatar Batsukh: mume, mke, nyumba ya mbao, theluji. Picha kali, hadithi inajikanyaga. Kodi kwa bei ya chini kabisa.

Kabla ya kulipa, hakikisha kuna tafsiri ya Kiingereza chini ya picha. Ya Kiswahili usiitegemee. Ubora wa kawaida hula kama GB 1 kwa saa. Ukiagiza DVD Ulaya, kumbuka DVD hufungwa kwa kanda za dunia: zao ni za kanda ya 2, zetu ya 5, kwa hiyo uliza kwanza kama deki yako inasoma zote.