Gauni lililofunga hadi juu: uzoefu wangu wa kutafuta shela nikiwa na mwili mkubwa

Katika duka la kwanza nilivalishwa magauni sita na hakuna hata moja lililofunga. Mhudumu aliniingiza mikono, akavuta kitambaa mbele ya kifua, kisha nyuma akaunganisha pande mbili kwa lastiki na vibanio vikubwa. Ukinitazama kwa mbele, bibi harusi. Ukizunguka nyuma, mgongo wote wazi na sidiria inaonekana. "Hebu fikiria tu litakavyokaa likija la saizi yako," akaniambia. Nikajaribu kufikiria. Sikuweza, kwa sababu nilichokuwa nakihisi mwilini ni baridi ya vile vibanio mgongoni. Dada yangu alikuwa amekaa pembeni kimya, na mimi namjua, akinyamaza hivyo ameumia.

Naandika kwa ajili ya mwenye vipimo kama vyangu: kifua sentimita 124, kiuno 112, makalio 136. Nguo za kawaida navaa saizi 24 ya Marekani. Gauni nililoolewa nalo liliagizwa saizi 28, na hiyo namba ilinitoa machozi siku ya kwanza kuisikia, kwa sababu hakuna aliyekuwa ameniambia kwamba magauni ya harusi huandikwa tofauti na nguo za kila siku. Hukaa madogo, mara nyingi kwa saizi 1 au 2, wakati mwingine zaidi. Mwili wangu haukuwa umebadilika tangu jana yake. Ningelijua hilo mapema ningeokoa usiku mzima wa kulia.

Jambo la pili ambalo hakuna aliyeniambia: magauni yanayoning'inia dukani si ya kuuzwa moja kwa moja, ni sampuli za kujaribia, na nyingi hushonwa karibu na saizi 8 hadi 12. Mtu wa saizi 10 anavaa, anafungiwa zipu, anazunguka, anaamua. Mimi naombwa kulipa pesa ile ile, na maduka mengine yanaongeza gharama kuanzia saizi fulani kwenda juu, kwa nguo ambayo sijawahi kuivaa.

Duka la pili nitalipita haraka. Mhudumu alipendekeza niagize saizi moja chini, eti nitakuwa nimepungua kufikia siku yenyewe. Niliaga nikaondoka. Gauni kubwa hupunguzwa. Gauni dogo huachiwa kwa kiasi cha kitambaa kilichobaki ndani ya mshono tu, na hapo unazungumzia sentimita chache, basi.

Baada ya hapo nilibadilisha utaratibu. Nilikaa na simu, na kila duka nililopiga nikauliza swali moja: sampuli yenu kubwa kuliko zote ina mzunguko wa sentimita ngapi kifuani, kiunoni na kwenye makalio? Sikuuliza kama wana "saizi kubwa", maana wote husema wanazo. Ukiuliza sentimita, anayejua anakujibu, asiyejua anaanza kuzunguka. Duka la nne kati ya niliowapigia, mama mmoja akasema, "Subiri nikapime, mwanangu," nikasikia hatua zake, akarudi na namba tatu. Alikuwa na magauni tisa ambayo yangenitosha. Tisa! Nikaweka miadi papo hapo.

Huyo mama ni fundi mwenyewe, na duka ni lake. Kabla ya kunionyesha nguo yoyote alinipima mara mbili, kwanza nimesimama, kisha nimekaa kwenye kiti. Nikamuuliza kwa nini. Akasema mwili mnene ukikaa, kiuno na makalio hutanuka, na bibi harusi anakaa saa nyingi kuliko anavyosimama. Kwangu tofauti ilikuwa sentimita 6 kiunoni. Akapima na mkono wa juu, uliotoka 44, na akaniomba niunyanyue kama ninayetaka kumkumbatia mtu. Hakuna mahali pengine nilipopimwa mkono.

Halafu akaniuliza swali ambalo kote kule sikuulizwa: "Unataka uonekane vipi?" Maduka mengine yote yalikuwa yameshaniamulia. Wananiletea magauni yenye kiuno cha juu, yanayokatwa chini ya matiti tu na kumwagika, na neno lao lilikuwa moja: linaficha. Linaficha tumbo, linaficha hipsi. Nililichukia neno hilo, na bado nalichukia. Sikuwa naolewa ili nifichwe. Na kusema kweli mtindo ule haukunipendeza. Nina kifua kikubwa, kwa hiyo kitambaa kilianzia pale mbele na kushuka moja kwa moja, kiuno changu kikapotea kabisa.

Nilivaa matano kati ya yale tisa. Gauni la kitambaa cha krepu nililipenda kwa ulaini lakini lilichora kila mshono wa nguo ya ndani. La shifoni, kitambaa chepesi kinachoelea, halikunishika popote. Mtindo wa nguva, unaobana hadi magotini kisha kupanuka, ambao nilikuwa nimeambiwa mnene hapaswi kuusogelea, ulinikaa vizuri sana nikiwa nimesimama. Nilipokaa goti lilibana, nikauacha kwa sababu hiyo tu. Niliyochagua ni satini nzito yenye lesi juu, kiuno kimekatwa pale kiuno changu kilipo, sketi inapanuka taratibu. Zipu ikapanda hadi juu. Ule mlio wa zipu! Dada akainuka pale alipokuwa amekaa akaja kunishika mabega, hatukusema kitu kwa muda.

Sasa ufundi, maana hapa ndipo thamani ya pesa yangu ilipokwenda. Ndani ya gauni kuna korseti yenye vijiti vinavyosimamisha kifua, kwa hiyo sikuhitaji sidiria. Kiunoni, ndani kabisa, kuna mkanda mnene unaofungwa kwa kulabu kabla ya zipu kupandishwa. Mkanda huo ndio unaobeba uzito wa sketi. Bila huo, gauni zito lote linaning'inia kifuani na utashinda ukilivuta juu. Kama una kifua kikubwa na unataka gauni lisilo na mikanda ya mabega, uliza kama mkanda huo upo. Ukikosa, fundi mzuri anaweza kuuongeza.

Fundi pia alinishauri tubadilishe zipu iwe kamba za kuvuta mgongoni, na kipande cha satini nyuma yake ili ngozi isionekane. Nilisita, maana zipu ile nilikuwa nimeililia. Lakini alinieleza kwamba kamba zinaruhusu mwili kuongezeka au kupungua sentimita kadhaa bila kushona upya, na zikilegezwa kidogo baada ya chakula unapumua. Nilikubali, na ulikuwa uamuzi bora kuliko yote. Kwapani aliweka kikwapa, kile kipande kidogo cha pembe nne wanachoweka kwenye kanzu, ili mikono ya lesi isipasuke nikinyanyua mkono.

Niliagiza miezi 9 kabla. Gauni lilichukua karibu miezi 5 kufika, likaagizwa kwa kufuata kipimo changu kikubwa zaidi, yaani makalio, halafu likapunguzwa kifuani. Kujaribu na kurekebisha tulifanya mara tatu, ya mwisho wiki 2 kabla ya harusi. Beba viatu utakavyovaa na nguo za ndani zile zile kila unapokwenda; mara ya pili nilisahau viatu na pindo halikuweza kupimwa. Taiti fupi ya pamba chini ya sketi ni lazima, mapaja yasichubuke.

Kasoro zipo. Satini nzito ina joto, na jasho la mgongoni lilionekana kwenye kile kipande cha nyuma ya kamba. Kufunga kamba kunachukua dakika 20 na anayefunga lazima awe amejifunza. Dada alirekodi video kwa simu siku ya kuchukua gauni, ikatuokoa. Na mkia wa gauni ulipokunjwa kwa ajili ya kucheza, ulishikiliwa na vifungo vitatu tu. Sketi yenye kitambaa kingi namna ile ni nzito, na kifungo kimoja kilikatika wimbo wa pili. Nilimaliza usiku nikiwa nimeushika mkia mkononi, na nilipomrudishia fundi habari hiyo aliniambia gauni la saizi yangu lilitakiwa kuwekwa vifungo saba, na kwamba lilikuwa kosa lake.