Uzoefu wangu: Makumbusho ya Lumière, Lyon

Kama unapenda sinema na una safari ya Ufaransa, usiishie Paris. Panda treni hadi Lyon, chukua metro ya D, shuka Monplaisir-Lumière. Ukitoka tu kituoni unaliona jumba la kifahari alilojenga Antoine Lumière, baba yao Auguste na Louis, ndugu wawili waliobuni sinematografu, mashine ya kupiga na kuonyesha filamu. Sasa ni makumbusho, nami nayapa nyota tano bila kusita.

Kilichonishika zaidi ni sinematografu namba 1. Ni kisanduku cha mbao chenye mkono wa kuzungushia, wala si kikubwa, mtu mmoja anakibeba. Kisanduku hichohicho kilipiga picha, kikachapisha nakala, kikazionyesha ukutani. Siri yake iko ndani: vijino viwili vinaingia kwenye matundu ya mkanda, vinauvuta kidogo, vinauacha utulie mbele ya lenzi, kisha vinarudi kuuvuta tena, mara 16 hivi kwa sekunde. Wazo la mwendo huo Louis alilitoa kwenye cherehani! Nilisimama hapo muda mrefu.

Wapo wanaosema Edison, mvumbuzi wa Marekani, ndiye wa kwanza kuanzisha sinema. Ni kweli kinetoskopu, mashine yake ya kutazamia filamu, ilitangulia, lakini ile watu walichungulia tunduni mmoja mmoja. Ndugu hawa waliwakalisha watazamaji pamoja huko Paris tarehe 28 Desemba 1895: watu 33, kiingilio faranga 1, filamu 10 zisizofika dakika moja kila moja. Kwangu mimi, sinema ni ile ya kucheka na kushtuka pamoja na mtu usiyemjua.

Tenga muda pia kwa autokromu, picha za rangi kwenye vioo walizoanza kuziuza 1907. Rangi zile zinatokana na chembe za wanga wa viazi, na bado zinapendeza ajabu.

Halafu usiondoke bila kufika kwenye banda la kiwanda cha akina Lumière lililo jirani. Ni hapo, Machi 1895, Louis alipowapiga filamu wafanyakazi wakitoka kazini, wanawake kwa sketi ndefu na mbwa akikatiza katikati yao. Filamu hiyo ina matoleo matatu, na ukitaka kuyatofautisha hesabu farasi: moja lina mmoja, jingine wawili, la tatu halina kabisa. Banda lenyewe leo ni ukumbi wa sinema, kwa hiyo angalia ratiba mapema ukate na tiketi ya filamu ya jioni.