Boksi la CD za Morricone: sikiliza hiyo okarina!

Mambo vipi Mtwara! Na nyie wa Lindi msinune, nawaona kwenye komenti. Leo mezani hakuna simu wala spika. Kuna boksi hili, CD nne za muziki wa filamu wa Ennio Morricone. Mtaliano wa Roma, mpiga tarumbeta, hayo mnayajua, tupite.

Mimi nataka hii hapa. The Good, the Bad and the Ugly, picha ya kauboi ya 1966. Mliokulia vibanda umiza mnaujua muziki huu hata kama jina la picha hamlijui. Sikiliza... umesikia? Kama mbwa mwitu analia. Narudisha. Hiyo ni filimbi, staringi huyo. Tulia... hii sasa okarina, kadude kenye matundu, kama mtu anapuliza chupa tupu. Huyo adui. Na ya tatu, hiyo! Midomo ya watu, yule mjanja mchafu. Kilio ni kile kile, ila macho hayajaona mtu na masikio yameshajua nani kaingia. Naweka tena. Jogoo wa jirani naye anataka Oscar, msimjali.

Oscar ndiyo inaniudhi. Mzee kaandika muziki wa kazi zaidi ya 400, filamu na televisheni, halafu Oscar ya kushindania anaipata 2016, ana miaka 87! 2007 walimpa ya heshima, mimi naiita ya pole mzee. The Mission ya 1986 wakamnyima. Ile obo! Obo ni ndugu wa zumari letu, zote zina ulimi wa pande mbili mdomoni. Bibi yangu kaisikia jikoni akauliza harusi iko wapi.

Najua mtaniletea Hans Zimmer, naye mtunzi wa muziki wa filamu. Sawa, ana Oscar mbili, na kama umenunua spika mpya unataka kutingisha madirisha, nenda kwa Zimmer. Eh, hata mimi Ijumaa namuweka yeye.

Bei: 85,000, na 5,000 ya basi kutoka Dar. Ghali, jamani. Nilisema sinunui, pesa ya korosho ikaingia. Kifuniko kimefika na ufa, na kijitabu hakimtaji hata mpiga mluzi. Ni Alessandro Alessandroni, andikeni wenyewe kwa kalamu.

Jumamosi niko laivu, Newala mmeomba redio za sola, zimefika. Bonyeza kengele. Ngoja, okarina mara moja tu...