Nimepakua picha zangu za zamani kutoka mtandao wa kijamii: uzoefu wangu

Kama akaunti yako ya zamani bado inafunguka, omba nakala ya data zako leo hii. Mimi nimeomba, nimepewa, na nimekesha nikitazama sura nilizodhani zimeshanitoka kabisa. Huduma hii naipenda. Ila ina pengo moja kubwa ambalo wengi hawaligundui mpaka wafungue faili.

Kilichonisukuma ni yale yaliyoikuta mitandao ya mwanzo. GeoCities ilizimwa mwaka 2009. Mwaka 2011 Friendster ilifuta picha na machapisho ya wanachama wake, ikageuka kuwa mtandao wa michezo. Orkut ikafungwa Septemba 2014. Halafu mwaka 2019 Myspace ikakiri kwamba picha, video na nyimbo zilizopakiwa kabla ya 2016 huenda zimepotea wakati seva zinahamishwa. Kuna watu waliweka ujana wao wote kule wakabaki mikono mitupu. Tulizichukulia huduma hizi kama kabati la nyumbani, kumbe funguo hatukuwa nazo sisi.

Mtandao wangu bado upo. Kuomba nakala si kazi: unaingia kwenye mipangilio, unatafuta sehemu ya kupakua taarifa zako, unachagua unachotaka, unasubiri ujumbe kwenye baruapepe. Facebook iliweka huduma ya aina hii mwaka 2010, Google mwaka 2011, na tangu Mei 2018 sheria ya Umoja wa Ulaya ya kulinda data inampa mtu haki ya kudai nakala ya data zake. Ukiulizwa aina ya faili, chagua HTML, maana inafunguka kwenye kivinjari chochote na unaona picha pamoja na tarehe yake; JSON waachie watengeneza programu. Weka ubora wa juu wa picha na kipindi chote tangu ulipojiunga. Na kiungo cha kupakulia kikifika usikilaze, kina muda wake wa kuisha.

Picha zenyewe ni ndogo. Simu nyingi za wakati ule zilipiga pikseli 640 kwa 480, kwa hiyo ukizikuza zinatoka vumbivumbi. Sikujali hata kidogo. Enzi zile tulikuwa tunapakia albamu nzima ya siku moja bila kuchagua, picha zinafanana mpaka basi, na utamu wake nimeuona sasa. Katika ya kwanza mtu ametulia, ya pili ameanza kucheka, ya tatu ameziba mdomo, ya nne kuna aliyeinama kwa kicheko na uso hauonekani. Leo tungebakiza moja nzuri na kufuta nyingine zote, na kile kicheko kingekwenda nazo.

Sasa lile pengo. Nakala niliyopewa ina picha nilizopakia mimi tu. Zile nilizotagiwa hazimo, kwa sababu zinahesabiwa kuwa za aliyezipakia. Picha zangu nzuri kuliko zote zilipigwa na rafiki aliyekuwa na kamera, na yeye mwenyewe karibu haonekani kwenye albamu zake. Mimi nimo kwake, yeye yumo kwangu. Tumebadilishana mafaili, na naamini hiyo ndiyo njia pekee ya kupata kumbukumbu iliyo kamili.

Komenti nazo hazikuja na picha, jambo lililoniuma zaidi. Majina ya utani, ubishi wa nani alisukuma nani, salamu za watu ambao leo hatusemezani, vyote vilikuwa chini ya picha. Ilibidi nifungue ukurasa mmoja mmoja na kuuhifadhi kama PDF. Kama mtandao wako ulishakufa, pekua baruapepe yako ya zamani: arifa za wakati ule mara nyingi zilibeba maneno yote ya komenti. Mimi nimeokota mengi humo, hata ya mtandao ambao haupo tena.

Kuna rafiki yetu aliyefariki. Akaunti yake ipo, ila hakuna anayejua neno la siri, kwa hiyo hatukuweza kuiomba nakala kama nilivyoomba yangu. Kwa idhini ya familia yake nilihifadhi moja moja picha zake zinazoonekana, kisha nikawapelekea. Mama yake hakuwahi kuziona.

Ukishapakua, panga mafolda kwa mwaka mapema, kwani mafaili yanaweza kuja na tarehe ya siku uliyopakua na simu ikayamwaga yote kama picha za leo. Weka nakala mbili, moja kwenye diski ya nje. Naipa huduma hii nyota nne kati ya tano. Ya tano ingekuwa ya komenti. Na kama uliwahi kusimama nami mbele ya kamera miaka ile, nitafute. Picha zako ninazo, nami naomba zangu.