La Vie d'Adèle: uzuri wake, na deni ambalo halijalipwa

Habari zenu, watazamaji wangu, na ahsanteni kwa kurudi. Leo ni zamu ya filamu ya Kifaransa ya mwaka 2013, La Vie d'Adèle. Kwa Kiingereza inajulikana kama Blue Is the Warmest Colour. Ina dakika 179, yaani saa tatu kasoro dakika moja, na ni ya watu wazima. Mwenye watoto sebuleni asiiweke.

Nianze na tambi. Adèle ni msichana wa sekondari mjini Lille, kaskazini mwa Ufaransa. Kwao wanakula tambi za mchuzi wa nyama, na kamera imemsogelea mpaka unaona mchuzi mdomoni. Anakula kwa njaa ya kweli, anaongeza, anajilamba. Baadaye anapendana na Emma, mwanafunzi wa uchoraji mwenye nywele za bluu, na kwao Emma anakaribishwa kwa chaza wabichi na mvinyo. Kwenye meza ya chaza, wazazi wanajua binti yao anampenda nani. Kwenye meza ya tambi, Emma ni rafiki tu anayemsaidia Adèle somo la falsafa, na anaulizwa uchoraji utamlisha vipi. Hakuna anayetamka neno tabaka. Lakini miaka inapopita na mapenzi yakavunjika, wewe uliyekuwa makini ulishauona ufa pale mezani.

Hapo ndipo ninapompa mwongozaji sifa zake zote. Abdellatif Kechiche, aliyezaliwa Tunis na kukulia Nice, anajua kuutazama uso wa mtu. Filamu yake ya mwaka 2007 aliijenga kuzunguka kuskusi na samaki, kwa hiyo chakula ni lugha yake. Humu anamwacha Adèle alie mpaka kamasi zinamtoka, na hakati. Ile sehemu ya mkahawani, wawili hawa walioachana wanapokutana tena, nimeitazama mara tatu na kila mara nimelazimika kusimamisha kidogo nipumue.

Mei 2013, majaji wa tamasha la filamu la Cannes chini ya Steven Spielberg waliipa Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha hilo, tena kwa namna ambayo haikuwahi kutokea: tuzo ilikwenda kwa mwongozaji pamoja na waigizaji wake wawili, Adèle Exarchopoulos aliyeigiza Adèle na Léa Seydoux aliyeigiza Emma. Exarchopoulos alikuwa na miaka 19. Siku hiyohiyo, tarehe 26, Paris ilijaa waandamanaji waliokuwa wakipinga sheria ya ndoa za jinsia moja, sheria iliyokuwa na siku chache tu tangu itiwe saini. Filamu ikabebeshwa mzigo wa mjadala mkubwa kuliko yenyewe.

Sasa deni. Hata kabla ya tuzo kutolewa, chama cha wafanyakazi wa filamu kilikuwa kimeshalalamika hadharani: watu walifanya kazi saa 16 zikaandikwa 8, na upigaji picha uliopangwa miezi miwili na nusu ukaenda miezi mitano. Septemba waigizaji nao wakasema yao. Ule mpishano wa barabarani, Adèle anapomwona Emma kwa mara ya kwanza, ni wa sekunde chache tu kwenye filamu. Seydoux alieleza kwamba walirudia zaidi ya mara mia. Tukio refu la chumbani lilichukua siku kumi. Wote wawili wakasema hawatafanya kazi na Kechiche tena. Mwenyewe akajibu kwa hasira, akafika kusema filamu imechafuliwa na isingefaa kutoka.

Nimesikia watu wakitetea kwamba sanaa kubwa haizaliwi bila mateso. Ushahidi wa kuwapinga uko ndani ya filamu yenyewe, watazamaji wangu. Lile tukio lililokula siku kumi ndilo dhaifu kuliko yote. Kamera iliyokuwa imeng'ang'ania uso, pumzi na macho, ghafla inarudi nyuma na kupanga miili kama sanamu. Adèle niliyemjua kwenye tambi simwoni tena. Jul Maroh, ambaye kitabu chake cha katuni ndicho kilichozaa hadithi hii, alilisema hilo mapema: kwenye eneo la kazi walikosekana wanawake wanaoyaishi mapenzi hayo, na kilichobaki ni onyesho la baridi. Naungana naye kabisa.

Mahakamani nako filamu ilifika. Kikundi cha wahafidhina kilishtaki, na Desemba 2015 mahakama ya rufaa ya Paris ikafuta kibali cha filamu kuonyeshwa. Septemba 2016 Baraza la Dola, mahakama ya juu kabisa ya Ufaransa kwa kesi za kiutawala, likaitengua hukumu hiyo. Kesi ile ilihusu macho ya watoto wa Ufaransa. Waliofanya kazi saa 16 hawakuwa ajenda yake. Leo uzalishaji mwingi mkubwa una mratibu wa matukio ya faragha, anayekaa na waigizaji na kukubaliana nao kila mguso kabla kamera haijawashwa. Kazi hiyo ilienea baada ya 2017. Waigizaji hawa hawakuwa naye.

Je, uitazame? Ndiyo, na uitazame ukijua. Kwenye kitabu msichana anaitwa Clémentine. Kechiche alimpa jina la mwigizaji mwenyewe. Kwa sikio la aliyelelewa na Kiarabu, Adèle linagusa neno la haki, mzizi uleule uliotupa sisi adili na uadilifu. Nilipoligundua hilo nilikaa kimya muda mrefu.

Mwisho wake umebadilishwa pia. Kitabuni msichana anakufa. Kwenye filamu Adèle anatoka kwenye maonyesho ya picha za Emma akiwa na gauni la bluu, anashika njia, anawasha sigara, na anaondoka mtaani peke yake. Kamera, kwa mara ya kwanza baada ya saa tatu, inamwacha aende zake.