IronWolf ya terabaiti 8 kwa seva ya nyumbani Kisumu

Kwa seva ya nyumbani, yaani kisanduku cha kuhifadhi faili chenye nafasi mbili za diski, diski kuu ya Seagate IronWolf ST8000VN004 inastahili pesa yake. Inazunguka mara 7,200 kwa dakika, ina kashe (kumbukumbu ya muda) ya megabaiti 256, waranti miaka 3.

Uzuri wake hasa uko kwenye uandishi: ni CMR, mistari ya data imekaa kando kwa kando. Barracuda, diski nyingine ya Seagate ya ukubwa uo huo, ST8000DM004, ni SMR. Mistari yake imelaliana kama mabati ya paa, hivyo kubadilisha mstari mmoja ni kuandika upya na majirani zake. Ndani ya RAID, yaani diski kadhaa zinazofanya kazi kama moja, siku ya kujaza diski mpya baada ya nyingine kufa, kazi inakokota mno, na kisanduku huweza kuihesabu mbovu. Kwa hiyo, ukiwa dukani Barabara ya Oginga Odinga, soma namba ya modeli kwenye lebo. Bei ya chini isikuvute.

Ukifika nyumbani fungua ripoti ya SMART, ambayo diski hujipimia afya yake. Saa za kazi ziwe karibu na sifuri. Kipengele cha 5 (sehemu mbovu zilizohamishwa) na cha 197 (sehemu zinazoshukiwa kuwa mbovu) viwe sifuri kabisa. La sivyo, irudishe siku hiyo hiyo.

Kasoro yake ni kelele: vichwa vikitafuta data vinakwaruza, kwa hiyo chumba cha kulala hapana. Joto la diski likipita nyuzi 45, toa kisanduku kabatini, pangusa vumbi kwenye feni. Na tafadhali, nunua UPS (betri ya akiba ya umeme) kwanza. Radi za jioni zikikata stima katikati ya kuandika, faili huharibika hata diski ikiwa nzima.