Karakana ya kusubu sanamu Swamimalai: nilimwagizia mzee wangu Ganesha, haya ndo niliyoyaona

Mi ni sonara, nina meza yangu Dar mwaka wa 9 sasa, kwa hiyo hapa naongea kama fundi aliyeenda kumwangalia fundi mwenzie. Naandika kwa sababu nilipokuwa natafuta habari za hawa mafundi wa Swamimalai, kijiji cha kusini mwa India, kwa Kiswahili sikupata hata mstari mmoja, na wakati huo huo najua watu wetu wengi wanaenda Chennai kwa matibabu, wanakaa huko wiki kibao wakimsubiri mgonjwa, na wengine wanatumwa na majirani Wahindu niletee sanamu nzuri ukirudi, halafu wanauziwa kitu cha ovyo kwa bei ya kitu cha kweli.

Mwenyewe nilimpeleka mama, moyo. Kabla ya safari nikaenda kumuaga mzee aliyenifundisha kazi, Mhindu wa hapa hapa Dar, asili yao Gujarat, nilikaa naye benchi moja miaka 11 pale Kisutu. Akaniambia mwanangu sina cha kukuagiza ila kitu kimoja, Ganesha, yule mungu wao mwenye kichwa cha tembo, wa panchaloha, yaani mchanganyiko wa metali tano, wa kusubiwa kwa mkono, asizidi shubiri moja kwa sababu wa kuwekwa nyumbani hatakiwi kuwa mkubwa, na mkonga uelekee kushoto. Mkonga wa kulia, anasema, una masharti makali ya ibada ambayo kwa umri wake hawezi tena kuyabeba.

Sasa lazima niseme kitu kuhusu yule mzee. Kila asubuhi kabla hajawasha moto wa kuyeyushia alikuwa anachoma udi, anafumba macho, anasema maneno yale yale, Vakratunda mahakaya, suryakoti samaprabha, nirvighnam kuru me deva, sarvakaryeshu sarvada. Miaka yote 11 nimeyasikia mpaka nikayajua kwa kichwa na sikuwahi kuuliza maana, dini yangu nyingine nikaona hayanihusu. Naomba radhi kwa hilo maana ningemuuliza ningejifunza kazi yangu mapema zaidi.

Chennai nikaanza na duka moja kubwa la mjini, jina sitaji. Kiyoyozi, kabati za vioo, muuzaji anaapa zote zimesubiwa kwa nta, yaani sanamu inafinyangwa kwa nta, inavishwa udongo, nta inayeyushwa itoke na metali inamiminwa mahali pake. Nikashika Ganesha mmoja, nikaona pembeni ya tumbo kuna mstari mwembamba unashuka moja kwa moja, hiyo ni alama ya kalibu la vipande viwili. Nikashika wa pili, wa tatu, wote wana kikwaruzo kile kile juu ya sikio, mahali pale pale. Jamani, sanamu ya nta iliyofinyangwa kwa mkono haiwezi kuwa na pacha, kalibu lake ni la udongo na linavunjwa mara moja tu kutoa sanamu, kwa hiyo ukiona kumi zinafanana mpaka makovu jua hiyo ni ya kufyatua kama matofali. Bei aliyotaja ilikuwa mara mbili ya niliyokuja kulipa kwa kitu halisi. Nikatoka.

Kesho yake nesi mmoja akaniambia nenda Swamimalai, kila mtu huku anajua sanamu zinatoka huko. Mama hali yake ilikuwa imetulia, ndugu yangu akakaa naye, nikapanda treni kituo cha Egmore mpaka Kumbakonam, masaa 6 na kitu, na kutoka hapo bajaji, ni karibu. Kahawa ya Kumbakonam msiiache, ya maziwa, inaletwa kwenye kikombe cha shaba ndani ya kibakuli cha shaba. Kijiji chenyewe kimekaa kwenye bonde la mto Kaveri, na mto huo ndo sababu ya mafundi kukaa pale, nitafika huko. Juu ya kilima kuna hekalu la mungu Murugan, unapanda ngazi 60, moja kwa kila mwaka wa mzunguko wa kalenda ya Kitamil, na wenyewe wanasimulia kwamba hapo ndipo Murugan, akiwa bado mtoto, alimfundisha baba yake, mungu Shiva, maana ya Om, neno lao takatifu, baba akakaa chini kama mwanafunzi na mtoto akamnong'oneza sikioni. Nilivyosikia hiyo nikasema hapa nimefika penyewe, hawa neno wanalianzia mbali.

Karakana niliyoingia ni ya familia, baba na vijana wake wanne, paa la bati na vigae, sakafu ya udongo. Swali la kwanza waliloniuliza halikuwa la bei, waliuliza ni ya kuabudu au ya mapambo? Nikasema ya kuabudu, ya mzee wangu. Hapo kijana anayejua Kiingereza akaenda kumwita baba yake, mzee akanawa mikono akaja kukaa.

Kwanza akachukua ukuti wa mnazi, ule mwembamba, akaukata urefu sawa na sanamu itakavyokuwa, akaanza kuukunja. Kila mkunjo una maana, huu uso, huu shingo, huu kifua. Hesabu yao kuu inaitwa tala, na tala moja ina angula 12, na angula ni upana wa kidole, yaani wanda kabisa ule wa bibi zetu! Hakuna rula pale. Kuti likishakunjwa ndo rula ya sanamu hiyo moja.

Halafu nta. Ni nta ya nyuki iliyochemshwa na utomvu wa mti na mafuta ya karanga, ikiwa ya moto inavutika kama halua, ukiichovya kwenye maji inakaza. Anafinyanga kila kiungo peke yake kisha anaunganisha kwa chuma kilichopashwa kwenye makaa. Na wakati anafanya anasema kitu kwa sauti ya chini. Mwanzoni nikadhani ni dua tu kama ya mzee wangu, nikasogea. Maneno yalikuwa mengine, Shuklambaradharam Vishnum, shashivarnam chaturbhujam, prasannavadanam dhyayet, sarva vighnopashantaye. Nikamwomba kijana anitafsirie neno kwa neno: aliyevaa nguo nyeupe, aliyeenea kote, mwenye rangi ya mwezi, mikono minne, uso uliokunjuka, mtafakari huyo ili vikwazo vyote vitulie.

Kijana akaniambia beti ya namna hiyo inaitwa dhyana shloka, na kila mungu ana zake, nyingine ndefu zinataja mpaka kila mkono umeshika nini, ameketi vipi, anakanyaga nini. Fundi anaitia kichwani kwanza, anaitafakari mpaka anamwona, ndo mkono unaanza kazi. Na nilimwona kwa macho yangu, alipofika chaturbhujam akasimama akagusa mikono ya nta mmoja mmoja, ya juu miwili ina mchokoo wa tembo na kamba, ya chini mmoja umeshika jino lililovunjika na mwingine andazi tamu la modaka. Alipofika prasannavadanam akachukua kijiti akainua pembe za macho kidogo sana, unene wa uzi, na uso ukabadilika ukawa wa mtu aliyefurahi kukuona. Kazi ya sekunde tatu. Nina miaka 20 kwenye ufundi na sijawahi kuona maneno yakitumika kama vipimo namna ile.

Ndo nikamwomba kijana anielezee na ile ya mzee wangu. Mwenye mkonga uliopinda, mwili mkubwa, mng'aro wa majua koti moja, koti ni milioni 10, niondolee vizuizi ewe mungu, katika kazi zote, siku zote. Katika kazi zote. Kumbe kila asubuhi alikuwa anaiombea meza yetu, na mi nimekaa pembeni napiga tupa.

Pembeni kulikuwa na Nataraja mkubwa, yaani Shiva akicheza, amekaribia kumalizika, nikamuuliza kijana kuhusu huyo, akanionyesha kama mtu anayesoma barua: mkono wa kulia wa juu una ngoma, hiyo ni kuumba, wa kushoto wa juu una moto, hiyo ni kuondoa, wa chini wa kulia umefunguka kukwambia usiogope, wa chini wa kushoto unaelekeza kwenye mguu ulioinuliwa ambapo ndo kimbilio, na mguu wa kulia umemkanyaga kijibwengo wa ujinga. Hata hereni hazifanani, moja ya kiume na moja ya kike. Yule Nataraja wa futi 27 aliyewekwa Delhi kwa ajili ya mkutano wa G20 mwaka 2023 naye katoka kijiji hiki hiki, kwa njia hii hii ya nta, na wao wanalisema hilo kwa fahari na wana haki.

Wiki tatu baadaye nikarudi siku ya kumimina, na siku hiyo ilichaguliwa kwa kalenda yao. Sanamu ya nta ilikuwa imeshavishwa udongo, tabaka la kwanza ni udongo laini wa mto Kaveri, laini kama poda, ndo unaoshika kila kikunjo cha nguo na kila kucha, ukipata udongo mwingine sura haitoki, na ndo maana hawahami pale. Juu yake udongo wa mashamba ya mpunga, halafu wa mchanga, na waya wa kukaza. Kalibu hilo wanalipasha kwa moto wa vinyesi vya ng'ombe vilivyokaushwa, nta inachuruzika inaisha, panabaki uwazi wenye umbo.

Panchaloha ni metali tano, shaba nyekundu, zinki, risasi, fedha na dhahabu. Hapa nawapa heshima yangu yote, mzee wa karakana aliniambia wazi kwamba nyingi humo ni shaba, na dhahabu na fedha ni kidogo mno, ukitaka zaidi lete mwenyewe uzitumbukize kwa mkono wako. Yule wa duka la kiyoyozi aliniapia kuna dhahabu tele. Nilipomsimulia mama kitandani akavua hereni yake moja, ile iliyokatika kibanio, akasema peleka hii. Ile hereni aliitengeneza mzee wangu, mwaka ambao mi nimeingia kwake. Basi wakavunja nazi, wakawasha kafuri, mzee wa karakana akasema mwito wake, akaniashiria, nikaitupia hereni ya mama kwenye chungu cha moto. Ikaelea kidogo kisha ikaingia.

Baada ya hapo ni kuvunja udongo, patasi, tupa, na kusafisha kwa ukwaju. Macho ndo ya mwisho kabisa, yanachongwa asubuhi kwa patasi nyembamba yenye ncha ya dhahabu na mantra zake, yaani maneno yao matakatifu, kabla ya hapo sanamu inahesabiwa haijaona.

Sasa kasoro, maana zipo. Waliahidi wiki tatu zikawa tano na mi nilikuwa na tiketi ya ndege, niliibadilisha kwa hela yangu. Hawapokei kadi, taslimu tu. Chini ya kitako kuna udongo ulibaki kwenye kona, niliutoa mwenyewe na sindano. Na kufunga mzigo hawajui kabisa, gazeti na kamba, nililazimika kununua sponji mjini. Sanamu ni kilo 4 na robo kwa sababu ni nzito mpaka ndani, haina uwazi, kwa hiyo pimeni begi mapema. Dai risiti iliyoandikwa kuwa kitu ni kipya na kimetengenezwa wapi, India ina sheria ya mwaka 1972 inayozuia kutoa nje vitu vya kale vya zaidi ya miaka 100, na uwanja wa ndege walinisimamisha dakika 40 mpaka walipoiona risiti. Nililipa rupia 14,000, na kwa kazi ile naona ni halali yao.

Kingine, mkonga wa kushoto maana yake kushoto kwake Ganesha mwenyewe, sio kushoto kwako unayemtazama. Nilikuwa karibu kukosea hilo kwenye oda, fundi ndo akaniuliza mara mbili.

Nyota 4 kati ya 5, moja nimeitoa kwa ajili ya muda na gazeti.

Mzee wangu wa Kisutu nilimpelekea Jumapili. Hakusema kitu, alimpakata, akampitisha kidole kwenye mkonga, akamgonga kwa ukucha akasikiliza mlio, kisha akamsogeza karibu na dirisha akaangalia uso muda mrefu. Nikamwambia na hereni ya mama imo humo. Akauliza ipi, ile yenye mawe mekundu? Nikasema ndiyo. Akawasha udi, na safari hii nikayasema maneno pamoja naye mpaka mwisho.